Mtoto wa Mbwa wa Kengele: Jinsi Wazee Walivyofuata Ukomaaji Wake, na Jinsi Tunavyoweza Kuuandika Leo



Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Methali hii tunaisema juu ya watoto wa watu, lakini wawindaji wa pori la Ituri na la Uele wanaijua pia juu ya mbwa. Tunasema hapa juu ya yule mbwa mdogo wa vijiji vyetu, mwenye masikio ya kusimama, mkia wa kujikunja na makunyanzi kwenye kipaji. Habweki kama mbwa wengine, na akienda kuwinda anavaa kengele ya mti shingoni. Wengi wetu tunampiga teke barabarani bila kumtazama mara mbili. Kumbe huko Ulaya na Marekani watu wanamwandikia vitabu, wanamwita Basenji, na wanajua uzito wake juma kwa juma tangu siku anapozaliwa.

Katika masomo haya tunauliza swali moja tu: mtu anajua namna gani kwamba mtoto wa mbwa wa kuwinda anakomaa vizuri? Wazee walikuwa na jibu lao, wageni wakapata la kwao, na walilipata kwa hasara kubwa. Tukiyaweka majibu hayo mawili pamoja, tutaelewa pia kwa nini mbwa wetu amepata walinzi mbali, na sisi tulio karibu naye hatuna hata kaye moja juu yake.

1. Kazi ndiyo inatoa kipimo

Kabla ya kupima lazima tujue mbwa huyu anakomaa kwa kazi gani. Waefe, wawindaji wa upinde wa upande wa mashariki wa Ituri, wanaingia pori kwa kikundi pamoja na mbwa. Mbwa anatafuta mboloko ndani ya majani, anamfukuza, mpaka mnyama anatoka mbele ya mshale. Kwa kuwa mbwa mwenyewe habweki, ni kengele inayosema kwa niaba yake: mlio wake unashitua mnyama, tena unaonyesha mwindaji mbwa yuko wapi. Mbwa mzito atakwama chini ya miti ya kamba, naye mbwa mdhaifu hatafika jioni. Kazi hii inataka mwili mwepesi, mifupa migumu na pumzi ndefu.

Mjeremani Georg Schweinfurth alipita kwa Wazande mwaka 1870, akatoa kitabu cha safari yake mwaka 1874. Ndani yake anaeleza mbwa mdogo mwenye manyoya mafupi laini, masikio ya kusimama na mkia wa kujikunja kama wa mtoto wa nguruwe, aliyefungwa kengele ya mti ili asipotee katika majani marefu. Anaandika pia kwamba mbwa hao walikuwa wanono, na kwamba wenyewe walipenda wanenepe kwa sababu walikula nyama yao. Tusikimbilie kukasirika. Wasafiri wa zamani zile walitia chumvi katika mambo mengi, na maneno yao tunayasoma kwa uangalifu. Lakini hata hivyo kuna fundisho: unono si dalili ya afya kwa kila kazi. Mnyama wa sufuria na mnyama wa kuwinda hawapimwi kwa jicho moja.

2. Mkono wa mzee

Tulikwenda kumwona mwindaji mmoja mzee, kando ya barabara ya Mambasa. Jina lake hatuliandiki, yeye mwenyewe hakutaka. Mbwa wake jike alikuwa amezaa usiku ule watoto watano. Wasomaji wajue kwamba mbwa wengi wanataka dume mara mbili kwa mwaka, lakini wa aina hii kwa kawaida ni mara moja tu. Uzazi mmoja ukipotea, basi mwaka mzima umepotea.

Tulikuja na balansi ndogo ya mwenye duka mmoja, ile inayotumia mapile. Mzee alicheka sana. «Munataka kuuzisha batoto ba imbwa na kilo?» Kisha akakaa chini, akawachukua watoto mmoja mmoja ndani ya kiganja. Alisikiliza joto la tumbo. Aliwapa ncha ya kidole wanyonye. Alipofika kwa wa tano alinyamaza kidogo, akasema: «Huyu iko baridi. Kama iko baridi, maziwa haiwezi kumusaidia.»

Sisi tukapima. Wanne walikuwa kati ya gramu 210 na 240. Wa tano alikuwa na gramu 170. Mkono ulikuwa umesema kweli mbele ya balansi. Tena madaktari wa nyama wanasema vilevile: mtoto wa mbwa katika majuma ya kwanza hawezi kujitunzia joto lake, na akiwa baridi tumbo lake halifanyi kazi, lazima apate joto kwanza, kisha maziwa. Mzee alimweka kifuani ndani ya shati mpaka alipoanza kujinyonganyonga, ndipo akamsogeza kwenye chuchu za nyuma, ambazo yeye anasema zina maziwa mengi. Akawasukuma wengine pembeni. Siku ya nane tulipima tena: mmoja aliyeanza na gramu 220 alikuwa na 430, na yule wa tano alikuwa amefika 310. Alibaki mdogo, lakini alikuwa akipanda.

Tulirudi watoto walipokuwa na majuma saba. Safari hii balansi ilitufurahisha: jike mmoja alikuwa amewapita ndugu zake kwa mbali. Tukampongeza mzee. Yeye hakufurahi hata kidogo. Alipitisha vidole juu ya mbavu za mtoto, kisha juu ya uti wa mgongo, akagonga tumbo kama anayegonga ngoma. «Hii hapana nyama. Ni tumbo.» Mbavu zilikuwa zinaonekana, manyoya hayakung'aa, na tumbo lilijaa minyoo. Mtoto wa mbwa anaweza kuzaliwa nayo, maana inapita kutoka kwa mama akiwa bado tumboni, na nyingine inapita katika maziwa. Tulileta dawa kutoka kwa daktari wa nyama. Juma lililofuata kilo ilikuwa imeshuka kidogo, na mtoto alikuwa anakimbia. Siku ile balansi ilitudanganya, mkono ukatuokoa.

Lakini haikuishia hapo. Tulimwuliza mzee: katika uzazi mitatu iliyopita, watoto wangapi walipona? Alianza kuhesabu kwa vidole, akarudia, akaacha. «Bengine balikufa. Bengine bachukuliwa. Nani atakumbuka?» Mwaka gani, umri gani, ugonjwa gani? Hakuna jibu. Mkono unajua mtoto aliye mbele yake leo, lakini wale wa miaka iliyopita hauwezi kuwaeleza.

3. Wale waliokufa Ulaya

Wageni walianza wakiwa hawana mkono wala kaye. Mwaka 1895 mbwa wawili kutoka Kongo walionyeshwa katika maonyesho ya Crufts, London. Watu waliwashangaa, lakini mbwa hawakuishi. Waliuawa na ugonjwa ambao leo tunauita ugonjwa wa Carré. Wakati ule hakuna aliyejua unatoka wapi. Ilikuwa mwaka 1905 ndipo daktari wa nyama Mfaransa, Henri Carré, alionyesha kwamba unaletwa na kijidudu kidogo sana kinachopita hata kwenye chujio. Unaanza na homa, makamasi na kuharisha, unamaliza na kutetemeka kwa kichaa, na unapenda hasa mbwa wachanga.

Mwaka 1923 mwanamke Mwingereza, Lady Helen Nutting, alileta sita kutoka Sudani ya kusini. Wakapigwa sindano ya kuwakinga na ugonjwa uleule, lakini sindano hiyo ilikuwa bado ya kujaribu. Wote sita wakafa. Mwanamke mwingine, Olivia Burn, aliyekuwa ameishi katika Kongo ya Wabeleji, alipoteza wengine kabla ya kufaulu. Mbwa wake wakaonyeshwa Crufts mwaka 1937. Mwaka uleule familia moja ya mbwa hawa ilipelekwa New York, wazazi pamoja na watoto. Ugonjwa ukawamaliza wote isipokuwa dume mmoja aliyeitwa Bois.

Kisha, mwaka 1941, katika bandari ya Boston, walikuta mbwa jike mchanga ndani ya meli ya mizigo iliyotoka Afrika ya magharibi. Alikuwa amekonda kabisa. Walimlisha polepole, wakampa jina Congo, na alipokomaa akazaa na Bois. Watoto wake ndio wa kwanza wa aina hii kuzaliwa Marekani na kufika utu uzima. Tuhesabu basi: tangu 1895 mpaka pale ilipita miaka karibu hamsini. Na kila mara hasara ilikuwa ileile: hawakukosa watoto wa mbwa, walikosa watoto wanaokomaa.

Ni hasara hizo zilizowafundisha kuandika. Mtu aliyenunua mbwa kwa bei ghali, akamleta kwa meli, akamwona anakufa, safari ya pili ataandika kila kitu: siku ya kuzaliwa, gramu, siku macho yalipofunguka, siku ya chanjo.

4. Wanachoandika leo

Tuseme kwa ufupi yaliyomo katika kaye zao, maana mengi yanatufaa.

Siku 14 za kwanza wanapima kila siku, kwa saa ileile. Mtoto anaweza kupoteza kidogo siku ya kwanza. Baada ya hapo lazima apande kila siku, hata kama ni gramu chache. Katika siku 7 hadi 10 anapaswa kuwa amefika mara mbili ya uzito wa kuzaliwa. Asiyepanda siku mbili mfululizo, wanamtafutia sababu mara moja: ni baridi, maziwa ya mama hayatoshi, ama ndugu wanamsukuma. Macho yanafunguka kati ya siku ya 10 na ya 14. Meno ya maziwa, ambayo ni 28, yanaanza kutoka katika juma la tatu ama la nne, na wakati huo ndipo anaanza kuonja chakula laini. Meno ya ukubwa, 42, yanaingia kati ya miezi 4 na 7.

Dawa ya minyoo wanaanza kuitoa mtoto akiwa na majuma mawili, wanarudia kila majuma mawili mpaka anaachishwa maziwa. Chanjo ya ugonjwa wa Carré inaanza kati ya juma la 6 na la 8, inarudiwa mpaka juma la 16, juu kinga ya mama iliyo katika damu ya mtoto inaweza kuzuia chanjo za mwanzo zisishike. Chanjo ya kichaa cha mbwa inafuata, kwa kawaida karibu na juma la 12, na hiyo inalinda pia watoto wetu sisi watu.

Mwaka 1997 walitoa pia kipimo cha mwili chenye hatua 9: moja ni mifupa mitupu, tisa ni mafuta mengi, na wema uko kwenye 4 na 5. Wanakitumia namna gani? Wanapitisha vidole juu ya mbavu! Zisionekane sana, lakini zisikike chini ya ngozi. Na ukimtazama mbwa toka juu, kiuno kionekane. Ni jambo lilelile tuliloliona kando ya barabara ya Mambasa, ila wao wameliandika na kulipa namba.

Mwaka 2017 watafiti wa Uingereza walitoa karatasi zenye misitari ya ukuaji kwa mbwa, sawa na ile fishe ambayo mama anaishika siku ya CPS kwenye sentre ya afya. Zinaanza juma la 12 na zinaendelea mpaka miaka miwili. Mbwa wetu anaingia katika kundi la wale watakaofika kati ya kilo 9 na 15, maana dume la Basenji linahesabiwa karibu kilo 11 na jike karibu kilo 9 na nusu. Kinachotazamwa si kwamba mtoto awe juu ya wengine. Kinachotazamwa ni kwamba abaki katika njia yake mwenyewe. Mtoto mdogo anayefuata msitari wake ni mzima. Aliyeanza juu kisha akavuka misitari miwili kwenda chini anaumwa ama ana njaa, na anayeivuka kwenda juu ananenepeshwa.

Hapo tunapenda kusahihisha kosa moja la kwetu mjini. Mtu akipata mtoto mzuri wa mbwa, anamjaza chakula ili akomae upesi. Katika jaribio moja la Marekani lililotangazwa mwaka 2002, walifuata mbwa 48 wa aina ya Labrador tangu utoto mpaka kufa. Nusu yao walipewa chakula pungufu kwa asilimia 25 kuliko wenzao. Waliokula kidogo waliishi katikati ya hesabu miaka 13, wenzao 11 na miezi michache, tena viungo vyao vilichelewa kuharibika. Haraka ya kunenepa inalemea mifupa iliyo bado laini. Wawindaji wetu hawamwachi mtoto akimbie siku nzima na wakubwa kabla hajakaribia mwaka mmoja, na sasa tunajua juu ya nini.

5. Jina letu, kaye ya wengine

Neno «basenji» lenyewe tunalijua wote. Zamani za Wabeleji liliitwa kwa watu wa kijiji, wale walioonekana hawajastaarabika, na ndugu yake wa Kiswahili ni washenzi. Mbwa aliitwa tu mbwa wa watu hao. Wageni walichukua tusi wakalifanya jina la heshima la mbwa, na heshima hiyo haikurudi kwa watu.

Shirikisho la kimataifa la wenye mbwa, FCI, linamwandika Basenji kwa namba 43. Asili: Afrika ya Kati. Ulinzi: Uingereza. Maneno hayo machache tuliyasoma mara mbili. Hatusemi walimwiba. Walinzi ni wale walioshika daftari, na daftari zilishikwa kule.

Hata hivyo kaye peke yake haikuwatosha. Kwa kuwa mbwa wao wote walitoka katika damu ya wachache waliopona, ugonjwa mmoja wa figo, Fanconi, ulienea kati yao. Mtoto anakomaa vizuri, misitari yote inapanda, kisha katika miaka ya kati sukari inaanza kutoka katika mkojo na mbwa anakonda. Ndiyo maana mwaka 1987 na 1988 Wamarekani walikuja huku, kaskazini ya mashariki ya nchi iliyoitwa Zaïre wakati ule, kutafuta damu mpya katika vijiji vya Wazande. Mwaka 1990 daftari kubwa la Marekani lilifunguliwa kwa mbwa 14 wa asili ya Afrika. Kipimo cha kutambua Fanconi kilianza kutumika 2007, na kilicho sahihi zaidi kikatoka 2011. Walipoona afya ya mbwa wao inapotea, waliifuata katika vijiji vyetu, kwa mbwa waliolelewa na wazee wasio na balansi.

6. Tufanye nini?

Mbwa wa kengele sasa anachanganyika na mbwa wa mijini. Vita vimehamisha vijiji, pori linapungua, na vijana wengi hawajui tena kugusa mbavu za mtoto wa mbwa. Mzee yule akifa, mkono wake utazikwa naye.

Kwa hiyo chama chetu kinapendekeza jambo rahisi. Kila mwenye mbwa jike wa aina hii ashike kaye ya shule, ya kurasa chache. Ukurasa mmoja kwa kila uzazi: tarehe, majina ya wazazi, watoto wangapi, dume wangapi, jike wangapi. Kila mtoto apewe alama ya uzi shingoni, na uzi ulegezwe kadiri anavyokua. Apimwe kila siku kwa majuma mawili, kisha kila juma mpaka miezi minne, kisha kila mwezi mpaka mwaka mmoja. Kama hakuna balansi ya nyumbani, ya duka inatosha. Pembeni ya kilo, tuandike neno la mzee: mbavu vipi, tumbo vipi, manyoya vipi, ana joto ama baridi. Tuandike dawa na chanjo. Na mtoto akifa, tusifute jina lake; tuandike siku na dalili, maana hapo ndipo kaye inafundisha zaidi.

Tuliacha kaye moja kwa mzee wa barabara ya Mambasa. Hajui kuandika, lakini mjukuu wake yuko darasa la tano. Tuliporudi mara ya mwisho, watoto wote watano walikuwa hai. Mjukuu alikuwa ameandika namba upande mmoja, na upande wa pili maneno ya babu yake kama anavyoyasema. Juu ya yule wa tano, aliyezaliwa baridi, tulikuta msitari mmoja: «Kilo mbili na nusu. Babu anasema huyu atavaa kengele.»